Barua ya wazi kwa wasimamizi wa raga nchini Kenya: mkufunzi naye ni mfanyakazi

Kwa waheshimiwa wenyeviti, makatibu na wanakamati mnaosimamia raga katika vilabu, kaunti na timu za taifa,

KUH: HALI YA WACHEZAJI WALIOSTAAFU WANAOINGIA KATIKA UKUFUNZI

Waheshimiwa,

Pokeeni salamu zangu. Mimi ni mchezaji wa zamani wa klabu na sasa nafunza vijana. Nawaandikia hadharani kwa sababu njia za faragha zimegonga mwamba. Pamoja na wenzangu wanaofunza timu za shule na za mashinani, tumeandika barua kwa kamati zilizotuhusu, tumeomba nafasi katika ajenda za mikutano, na tumezungumza na wanakamati kandokando ya uwanja baada ya mechi. Barua zilipokelewa, nakala zetu zikapigwa muhuri, na habari ikaishia hapo. Sitaitaja klabu wala ofisi ambako sisi wenyewe tuliumia, kwa sababu sijaja kumwaibisha mtu. Nitakayoyataja kwa majina ni yale yanayojulikana na kila mwanaraga, yaliyochezwa uwanjani na kuandikwa magazetini.

Tunachotaka ni kwamba mchezaji anayeangika daluga na kuanza kufunza achukuliwe kuwa ameajiriwa kazi, awe na kandarasi, awe na bima, na asipigwe kalamu kabla ya kuambiwa kwa maandishi alikosea wapi.

Nianze na marehemu Benjamin Ayimba, maana safari yake inabeba karibu malalamishi yetu yote. Wanaraga wa rika langu walimjua kwanza akiwa fowadi wa Impala, pale Ngong Road, kisha nahodha wa taifa. Alipogeukia ukufunzi katikati ya miaka ya 2000, Shujaa, timu yetu ya taifa ya raga ya wachezaji saba, ilikuwa timu ya kusifiwa kwa mbio na kuhurumiwa kwa matokeo. Machi 2009 aliipeleka Dubai kwa Kombe la Dunia la raga ya wachezaji saba. Katika robo fainali ikawalaza Fiji, waliokuwa mabingwa watetezi, kwa 26-7, kabla ya kuzimwa na Argentina 12-0 katika nusu fainali. Msimu huohuo ilifika fainali ya Adelaide, ikamaliza ya sita katika msururu wa dunia, yaani mashindano ya msimu mzima yanayochezwa mji baada ya mji, na Collins Injera akawa mfungaji bora wa dunia nzima kwa trai 42. Hakuna timu ya Kenya iliyokuwa imefika huko kabla yake, na aliyeifikisha ni mtu aliyelelewa na vilabu vyetu wenyewe.

Mwaka 2011 Ayimba aliondolewa.

Akarudishwa msimu wa 2015-16, timu ikiwa imepitia mikono minne tangu aondoke. Aprili 17, 2016, ndani ya Uwanja wa Taifa wa Singapore, Shujaa chini ya nahodha Andrew Amonde iliwang'oa Argentina katika nusu fainali, halafu ikawafunga Fiji 30-7 katika fainali. Hilo lilikuwa taji la kwanza la Kenya katika msururu wa dunia. Fiji haohao, wakinolewa na Ben Ryan, ndio waliotwaa dhahabu ya kwanza ya Olimpiki ya raga ya saba miezi minne baadaye huko Rio. Waliofungwa na Ayimba hawakuwa watu wa kubahatika.

Lakini Rio kwetu ilikuwa msiba. Kenya ilimaliza ya 11 kati ya timu 12, na kabla ya mwaka kwisha kiti cha ukufunzi kilikuwa na mtu mwingine. Kutoka Singapore hadi kukosa kazi, hata mwaka haukupita.

Mei 21, 2021, Ayimba alifariki jijini Nairobi kwa malaria iliyompanda kichwani. Alikuwa na miaka 44. Siku chache kabla ya hapo familia na marafiki walikuwa wakiomba umma usaidie kulipia matibabu. Nilichanga nilichoweza, kama walivyochanga wanaraga wengine, na wakati natuma pesa hizo kwa simu nilikasirika kuliko nilivyowahi kukasirika kwa kushindwa mechi yoyote. Mtu aliyeletea nchi taji la msururu wa dunia alikuwa anategemea mchango wa M-Pesa.

Baada ya mazishi kila mmoja alisema maneno mazuri. Sasa naomba tuzungumze kuhusu yale ambayo hayakusemwa. Malalamishi yetu ni haya.

1. Wakufunzi wanaachishwa kazi bila tathmini.

Hesabuni pamoja nami. Baada ya Ayimba kuondolewa 2011 alikuja Mitch Ocholla, kisha Mwingereza Mike Friday, kisha Paul Treu kutoka Afrika Kusini, kisha Felix Ochieng, kisha Ayimba tena. Baada ya Rio akaja Innocent Simiyu, ambaye naye aliichezea Kenya. Simiyu aliifikisha timu katika fainali mbili mwaka 2018, Vancouver na Hong Kong, zote dhidi ya Fiji, na mwaka huohuo akaondoka. Akafuata Paul Murunga, halafu Paul Feeney kutoka New Zealand, halafu Simiyu yuleyule akarudishwa akaipeleka timu Olimpiki ya Tokyo ambako ilimaliza ya tisa. Akaondoka tena. Akaja Damian McGrath, na katikati ya 2023 kazi ikamwangukia Kevin Wambua.

Nani kati yenu anaweza kunionyesha karatasi inayoeleza kwa nini kila mmoja wao aliondoka, alikuwa amepewa malengo gani, na aliyafikia kwa kiasi gani? Wawili walifukuzwa au kuachwa kisha wakaitwa tena. Kama hawakufaa, waliitwa kwa nini? Na kama walifaa, waliondolewa kwa nini? Sisi tunaofunza huku chini tungefaidika sana na jibu la swali hilo, kwa sababu wavulana wetu hutuuliza.

Linganisheni na Mike Friday. Alipokuwa hapa, msimu wa 2012-13, Kenya ilimaliza ya tano duniani na kufika nusu fainali ya Kombe la Dunia mjini Moscow. Hakumaliza hata miaka miwili. Mwaka 2014 Marekani ikamchukua, na ikakaa naye hadi baada ya Olimpiki ya Paris mwaka 2024. Miaka kumi! Alipoanza, Marekani haikuwa ikiogopwa na yeyote katika raga ya saba. Mwaka 2015 ikashinda taji lake la kwanza London, na msimu wa 2018-19 ikamaliza ya pili katika msururu mzima. Katika kipindi hicho cha mkufunzi mmoja wa Marekani, sisi tulibadilisha wakufunzi hadi mashabiki wakachoka kujifunza majina.

Huku mashinani hali ni mbaya zaidi kwa sababu hakuna gazeti linaloandika. Mkufunzi mmoja ninayefanya kazi naye, mchezaji mzuri wa zamani, alikuwa akipanga koni kwa mazoezi ya jioni simu yake ilipolia. Ulikuwa ujumbe wa WhatsApp katika kundi la timu, wachezaji na wazazi wakiwemo, ukimshukuru kwa mchango wake na kumtakia kila la heri. Vijana waliousoma kabla yake walikuwa tayari wamesimama wanamtazama. Hakuwa ameitwa popote, na hakuna aliyekuwa amemwambia kwamba kazi yake ina kasoro. Aliwafanyisha mazoezi hadi mwisho, kisha akakabidhi ufunguo wa stoo kwa kapteni wa timu.

Waheshimiwa, hili si suala la tabia njema peke yake. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 41, inamtaka mwajiri anayetaka kumwachisha mtu kazi kwa utovu wa nidhamu au kwa utendaji duni amweleze kwanza sababu, kwa lugha anayoielewa, akiwa na mwenzake, na asikilize utetezi wake. Kifungu cha 9 cha sheria hiyohiyo kinataka kandarasi ya miezi mitatu au zaidi iwe ya maandishi. Hakuna mahali palipoandikwa "isipokuwa wakufunzi wa raga."

2. Hakuna njia inayomtoa mtu uwanjani hadi benchi la kiufundi.

Mchezaji wetu wa raga ya saba akifika miaka 30 goti limekwisha, bega limeteguka zaidi ya mara moja, na ajira yake ya kweli, kama alikuwa nayo, aliiacha wakati wa ziara za kimataifa. Anayependa ukufunzi anaachwa ajitafutie. World Rugby, shirikisho la raga duniani, ina kozi za ngazi ya kwanza, ya pili na ya tatu. Ngazi ya kwanza si ngumu kuipata. Shida huanzia hapo, maana ili upande ngazi unahitaji timu ya kufunza, mtu wa kukuchunguza ukiwa kazini, na muda. Wengi wa wachezaji waliokuwa Singapore 2016 wangeweza kuwa wakufunzi wasaidizi katika kaunti kumi tofauti leo. Ni wangapi walioitwa na kuulizwa kama wangependa?

Niongeze jambo ambalo halizungumzwi sana hapa kwetu. Wapo Wakenya waliokwenda Uingereza kucheza raga ya ligi, ile ya wachezaji 13. Edward Rombo aliichezea Leeds miaka ya 1990. Baadaye Lucas Onyango aliichezea Oldham na vilabu vingine vya huko. Raga ya ligi ni shule kubwa ya kukaba na kupanga ulinzi. Timu ina nafasi ya kukabwa mara sita kabla ya kuuachia mpira, na anayelinda hana ruksa ya kuupigania mpira chini kama tunavyofanya sisi, kwa hiyo kila kitu kinategemea mstari wa ulinzi na namna ya kumwangusha mtu. Raga ya wachezaji 15 ya Uingereza imewachukua wakufunzi wa ulinzi kutoka huko kwa miaka mingi, na McGrath mwenyewe alipitia huko kabla ya kuja kwenye raga ya saba. Sisi tulikuwa na vijana wetu wenyewe waliouishi mchezo huo. Elimu yao ingepaswa kuwa katika kila kambi ya vijana kutoka Kakamega hadi Mombasa.

Na kwa kuwa nimeigusa raga ya ligi, mtazameni Roy Francis. Alikuwa mtu mweusi kutoka Wales, winga, aliyeachwa nje ya ziara ya Uingereza huko Australia mwaka 1946 kwa sababu ya rangi yake. Mwaka uliofuata aliichezea Uingereza mechi moja tu dhidi ya New Zealand na kufunga trai mbili. Alipogeukia ukufunzi, klabu ya Hull ilimpa timu, ikamvumilia, ikamwachia aunde mambo yake. Anasifiwa hadi leo kwa kuwa miongoni mwa wa kwanza kuzichambua mechi kwa filamu na kuzishughulikia familia za wachezaji kama sehemu ya timu. Hull ikawa bingwa 1956 na tena 1958. Akahamia Leeds mwaka 1963 na kuipa Challenge Cup, kombe kubwa la raga ya ligi, mwaka 1968, katika ile fainali ya Wembley iliyochezwa juu ya madimbwi ya maji na kuisha 11-10. Mwaka 2023 sanamu yake ilisimamishwa Brynmawr, alikokulia. Sanamu ilichelewa sana, kwa kuwa alikuwa amefariki tangu 1989, lakini kazi hakuinyimwa. Hull walimpa miaka mingi ya kujifunza, kukosea na kurekebisha. Ayimba hakupewa muda kama huo kwa mfululizo.

3. Mkufunzi akiondoka, anaondoka na kila kitu.

Sisi huku tunatumia madaftari. Langu lina uzito wa kila kijana, tarehe aliyoumia kichwa, siku aliyoruhusiwa kurudi, nani anaogopa kukaba kwa bega la kushoto. Nikifukuzwa kesho, atakayekuja hataukuta ukurasa hata mmoja, kwa sababu hakuna aliyewahi kuniomba nakala. Kijana aliyepoteza fahamu mwezi uliopita atarudishwa uwanjani na mtu asiyejua kwamba aliwahi kupoteza fahamu. Hilo ni jambo la uhai.

Juu kwenye timu ya taifa swali ni lilelile. Mipango ya mazoezi iliyowapeleka wachezaji Singapore iko wapi? Kuna mkufunzi yeyote wa kaunti anayeweza kuisoma? Fiji ilichambuliwa vipi kabla ya ile fainali? Mtu aliyejua majibu hayo amezikwa.

4. Malipo na bima.

Hapa sina haja ya kueleza sana, mnajua wenyewe. Mkufunzi wa klabu hulipwa marupurupu yanayokuja yakipatikana. Ananunua plasta, barafu na maji ya glukosi kwa pesa zake, kisha anaombwa avumilie hadi mdhamini alipe. Wachezaji wana bima wakati wa mashindano, angalau kwenye karatasi, lakini mkufunzi anayesafiri nao kwenye matatu ileile usiku hana. Akiugua, tunafungua kundi la WhatsApp la kuchanga. Hatukupaswa kujifunza kwa Ayimba na kuendelea vilevile, lakini ndivyo tulivyofanya.

5. Wanawake.

Wachezaji wa zamani wa Lionesses, timu ya taifa ya wanawake, wanaotaka kufunza wanakutana na haya yote, na juu yake wanaambiwa wasubiri hadi raga ya wanawake "ikue." Haitakua bila wao.

Waheshimiwa, majibu mtakayotupa nayajua, kwa kuwa tumeyasikia kwenye mikutano.

Mtasema hakuna pesa. Nakubali kwamba raga ya Kenya haina pesa za raga ya Ufaransa. Lakini tathmini ya maandishi haigharimu pesa. Barua ya kumwita mtu mbele ya kamati haigharimu pesa. Kupiga nakala ya daftari ni shilingi chache. Zaidi ya nusu ya tunayoyaomba yanahitaji mtu akae chini aandike. Kuhusu yale yanayohitaji pesa, kila tunapobadilisha mkufunzi wa taifa tunalipa: tangazo, mahojiano, tiketi za ndege, nyumba, na wakati mwingine fidia ya kandarasi iliyokatwa. Uhamisho wa kila mara ndio ulio ghali.

Mtasema matokeo ndiyo yanayoamua, na kwamba Rio ilikuwa aibu. Ilikuwa aibu kweli, sitaitetea. Mimi pia niliitazama usiku ule na kuzima televisheni. Lakini mkufunzi aliyeshinda Singapore mwezi Aprili hakuwa amesahau kazi kufikia Agosti. Kuna jambo lilitokea kati ya hapo, katika maandalizi, katika kambi, au katika vichwa vya wachezaji, na namna ya kulijua ilikuwa kukaa naye chini na kumuuliza. Kwa kumwondoa haraka tulijinyima jibu, tukaenda Olimpiki zilizofuata bila hilo jibu.

Mtasema wageni wana uzoefu kuliko watu wetu. Hapa naomba mnisikilize vizuri, maana sina chuki na wakufunzi wa kigeni. Damian McGrath ni mkufunzi hodari. Mei 2016 aliiongoza Samoa kushinda Paris, ikiwafunga Fiji 29-26 baada ya kuwa nyuma 26-0. Mwaka uliofuata aliipa Canada taji lake la kwanza kabisa, tena palepale Singapore. Alipokuja Kenya, msimu uliishia London, Mei 21, 2023, miaka miwili kamili baada ya kifo cha Ayimba, tukifungwa 12-7 na Canada ileile na kushushwa daraja. Mtu aliyeshinda na Samoa na Canada alishindwa nini kwetu? Kama mgeni mwenye rekodi hiyo hakuweza, na mwenyeji mwenye rekodi ya Ayimba hakudumu, basi kasoro haiko kwenye pasipoti ya mkufunzi. Iko katika mazingira mnayompa.

Na tazameni kilichofuata. Wambua, mchezaji wetu wa zamani, alichukua timu iliyoshushwa daraja. Septemba 2023 mjini Harare ikawafunga Afrika Kusini 17-12 na kupata tiketi ya Olimpiki. Juni 2024 mjini Madrid ikarudi kwenye daraja la juu. Paris ikamaliza ya tisa, kwa kuwafunga Samoa 10-5 katika mechi ya mwisho. Sisemi Wambua hana makosa, nasema alijengwa hapa. Wako wengine kama yeye wanaouza bima na kuendesha bodaboda kwa sasa.

Mwisho mtasema wakufunzi wetu hawana vyeti. Ni kweli kwa wengi. Nani alitakiwa kuwasaidia wavipate?

Sasa tunaomba yafuatayo, na tunayaomba kwa tarehe.

Kwanza, kabla ya msimu ujao wa raga ya saba kuanza, kila klabu inayoshiriki ligi na kila timu ya taifa, za wanaume na za wanawake, iwe na kandarasi ya maandishi kwa mkufunzi mkuu na wasaidizi wake, ikiwa na malengo yanayoeleweka na muda usiopungua miaka miwili kwa mkufunzi mkuu. Mkataba wa klabu ndogo waweza kuwa ukurasa mmoja. Tunachotaka ni uwepo, na uwe na sahihi za pande zote mbili.

Pili, mkufunzi yeyote asiachishwe kazi bila kuitwa, kusikizwa na kupewa sababu kwa maandishi. Nakala ya tathmini hiyo ibaki katika faili, na atakayemrithi aisome.

Tatu, kila mkufunzi na msaidizi wake awe na bima ya matibabu kwa muda wote wa kandarasi. Pale ambapo klabu haiwezi zaidi, ihakikishe walau michango yake ya SHA, bima ya afya ya serikali, imelipwa bila kukatika. Tunaomba pia serikali na wale wanaosimamia hazina ya michezo waseme waziwazi kama wakufunzi wa mashinani wamo katika mipango yao au hawamo.

Nne, kila mwaka wachezaji kadhaa wanaostaafu kutoka timu za taifa wapewe nafasi ya usaidizi katika timu za kaunti na za shule, walipiwe ngazi ya pili ya World Rugby, na wapewe mtu wa kuwasimamia. Waanze na waliocheza Singapore. Na waliocheza raga ya ligi ng'ambo waalikwe kufundisha ulinzi katika kambi za vijana, wakilipwa kwa siku zao.

Tano, familia ya marehemu Ayimba iombwe kwa heshima iseme kama kuna maandishi, picha za video au mipango ya mazoezi aliyoiacha ambayo ingependa kuihifadhi pamoja na wanaraga. Kama ipo, ihifadhiwe mahali ambapo mkufunzi kijana kutoka Kisumu, Nakuru au Malindi anaweza kuisoma bila kumjua mtu. Familia ikikataa, iheshimiwe.

Tunaomba mkutano nanyi ndani ya siku 30 tangu tarehe ya barua hii, mahali mtakapochagua, wakiwemo wakufunzi wa shule na wawakilishi wa wanawake. Tutakuja na nakala za barua zetu zote zenye mihuri yenu, pamoja na mfano wa kandarasi ya ukurasa mmoja ambao mwenzetu mwanasheria ametuandalia bila malipo. Mkiona kuna kipengele kisichotekelezeka, tuambieni ni kipi na kwa nini, tukirekebishe pamoja. Siku hizo zikipita kimya, malalamishi ya wakufunzi waliofukuzwa bila kusikizwa tutayapeleka mbele ya Jopo la Kusuluhisha Mizozo ya Michezo, tukianza na la yule aliyesoma habari zake kwenye WhatsApp mbele ya vijana wake.

Wenu mwaminifu,

Mkufunzi wa vijana, kwa niaba ya wakufunzi wenzake wa shule na mashinani